Kulegeza Kamba

"Mwaga maji."

"Simwagi."

"Mulki, nimesema mwaga. Watu wanangoja."

"Wacha wangoje. Mama, hebu angalia huu mkono. Uangalie kama mtu, si kama fundi."

Sharifo hakuangalia tena, maana alikuwa ameshaona. Aliona pale tu alipofungua leso waliyomviringishia maiti mikononi. Kila kifundo kilikuwa na alama ya kuzunguka, pana kama kidole, nyeusi pembeni na mbichi katikati, mahali ngozi ilipochubuka, ikaanza kupona, ikachubuka tena. Miguuni ilikuwa vivyo hivyo.

"Nimeona," alisema. "Na nilikufundisha nini kuhusu kinachoonekana humu?"

"Kinabaki humu."

"Basi."

"Basi nini? Huyu alifungwa kamba! Si siku moja, si mbili. Halafu mimi nimwage maji, nitie kafuri, tumfunge tena na sanda, tule wali wa watu turudi zetu Kitale? Ati hiyo ndiyo kazi?"

"Shusha sauti."

"Siishushi."

Lakini aliishusha, kwa sababu nyuma ya ule mlango wa mabati palikuwa na ua, na uani walikuwa wamekaa wanaume wasiopungua thelathini, na sauti ya mwanamke anayegombana maiti ikiwa mbele yake husikika mbali.

Aliyelala kati yao aliitwa Jentrix. Alikuwa na miaka ishirini na minne na mtoto wa miezi miwili. Aliolewa na Abdikarim, mtoto wa Alwi, na Alwi ni mdogo wake Sharifo wa tumbo moja, mtu wa duka la vyuma hapa Bungoma mjini. Alipoolewa alisilimu akapewa jina la Zuhura, ila hakuna aliyelizoea, hata Alwi mwenyewe aliyelichagua, akabaki Jentrix. Mamake, Bilha, alikuwa Mkristo wa Kibomet, mwanamke wa vibarua, leo kupalilia shamba la huyu, kesho kuvuna la yule. Asubuhi hiyo walikuwa wamemkalisha kwenye mkeka kando ya jikoni, mjukuu mapajani, angoje kuitwa auone uso wa mtoto wake mara ya mwisho.

Wote waliambiwa ni malaria. Malaria ilimpanda kichwani, walisema, ikamchukua kwa siku mbili. Naibu wa chifu alishaandika kibali cha mazishi kwa neno hilo hilo. Kaburi lilikuwa tayari. Maiti ilitakiwa kuswaliwa baada ya adhuhuri, na sasa ilikuwa saa tano na robo.

Simu ilikuwa imefika Matisi, mtaani kwao Kitale, alfajiri. "Dada, njoo umwoshe wewe," Alwi alisema. "Sitaki mwanamke mwingine amguse." Sharifo aliona ni heshima. Alimwamsha Mulki, wakakusanya vifaa, wakashika njia. Sasa, akiwa amesimama mbele ya mikono ile, alielewa kwamba ndugu yake hakuwa ametafuta mwoshaji hodari. Alikuwa ametafuta mdomo uliofungwa.

Na mdomo huo ulikuwa maarufu. Ukiulizia Sharifo wa mapazia kule Matisi, utaulizwa kama unamtaka wa mapazia au wa maiti, na ni yule yule. Dukani anapima na kushona mapazia. Mwanamke Mwislamu akifariki, anafunga duka, anabeba mkoba wa glavu, pamba, kafuri na unga wa mkunazi, anakwenda. Miaka kumi na tisa. Ameosha wazee waliooza vidonda vya mgongo, ameosha mabinti waliogongwa na magari, ameosha mama yake mzazi. Hajawahi kutoka chumbani akasema alichokiona. Wanawake wa msikitini walikuwa wakisema ana moyo, na yeye maneno hayo yalimchosha.

"Moyo kila mtu anao," alikuwa akiwajibu. "Mnachokosa ni mazoezi."

Aliamini hivyo kwelikweli, na hivyo ndivyo alivyomfundisha binti yake. Mara ya kwanza unashika shuka na kutazama ukuta. Ukiweza hilo, unamwaga maji. Ukiweza kumwaga bila kutetemeka, unapewa miguu, kisha mikono, na uso ni wa mwisho, siku ambayo ukirudi nyumbani unaweza kula. Nguvu kwake ilikuwa ni sugu. Huiombi, hupewi, huzaliwi nayo. Unasugua leo, unasugua kesho, siku moja unashika kitu cha moto na hushtuki. Mulki, ambaye kazi yake ya mchana ilikuwa kuuza dawa katika duka moja la Kitale, alikuwa kwenye hatua ya maji. Huyu alikuwa maiti wake wa nne. Wa kwanza alimtapisha langoni. Sharifo alimpa kipande cha ndimu, akamwambia afute mdomo arudi ndani, naye alirudi.

"Wewe huumii?" Mulki aliuliza sasa. Machozi yalikuwa yakimshuka hadi kwenye barakoa. "Huyu alikuwa akija kwetu sikukuu. Alikuwa akikusukia nywele. Huumii kabisa?"

"Nikiumia nitamwosha nani?"

"Hiyo si nguvu, Mama. Hiyo ni ganzi. Daktari wa meno anakudunga ile ile, jino linang'olewa na wewe hujui."

"Nipe jagi."

Alimnyang'anya. Aliinama, akaushika mkono wa kulia wa Jentrix, kwa kuwa ndiko udhu wa maiti unakoanzia, akainua jagi ili amwage. Maji hayakutoka. Jagi lilikuwa limejaa, mkono wake ulikuwa mzima, lakini hakulipindua. Alibaki amelishika hewani kama mtu aliyesahau alichofuata jikoni.

Mikono. Ni neno hilo lililomshika.

Wiki tatu nyuma, alasiri, duka likiwa na wateja, simu yake ililia. Alikuwa na pini mdomoni na futi shingoni. Ilikuwa Jentrix.

"Shangazi, sijalala siku nne."

"Mtoto analia?"

"Hapana, mtoto analala. Ni mimi. Kuna mtu ananiambia nimweke mtoto kwa maji."

"Mtu gani huyo?"

"Sijui. Sauti ni yangu." Kisha, polepole: "Shangazi, naogopa mikono yangu."

Mteja alikuwa akinung'unika kuhusu urefu wa dirisha. Sharifo alitoa pini mdomoni. "Sikiliza. Wewe si wa kwanza kuzaa. Mimi nimezaa watatu, na baba yao nikamzika wa mwisho akiwa bado ananyonya, na eda nikaikaa nikishona. Kunywa uji, uswali, ujikaze."

"Sawa, shangazi."

Alisema sawa. Hakubisha, hakulia. Sharifo alirudi kwenye pazia la mteja, akalikata vizuri.

Mlango uligongwa kwa kifundo cha kidole. "Dada?" Ilikuwa sauti ya Alwi. "Mmefika wapi? Maalim ameshakuja."

Sharifo aliweka jagi chini. "Niitie Abdikarim."

"Wa nini? Huko ni kwa wanawake."

"Ni mumewe. Ana haki ya kuwa humu kuliko mimi. Mwite."

Abdikarim aliingia akiwa amefunga vifungo vya shati vibaya, upande mmoja juu, mwingine chini. Alisimama ukutani akatazama ndoo. Kijana wa miaka ishirini na saba, na siku hiyo ungemdhania arobaini.

"Alifungiwa wapi?" Sharifo aliuliza.

Alifungua kifungo kimoja cha shati, akakifunga tena pale pale.

"Abdikarim, mimi sijui kuzunguka. Alifungiwa wapi?"

"Bumula."

"Kwa nani?"

"Kuna mganga huko. Baba alisema ni shetani la uzazi." Maneno yalianza kutoka, na yalipoanza hayakusimama. "Mimi nilitaka hospitali, shangazi, wallahi nilitaka. Baba akasema tukimpeleka hospitali wataandika ni kichaa, na mtoto ataitwa mtoto wa kichaa mpaka azeeke. Mganga akasema kamba isifunguliwe. Ati ukimfungua kabla shetani hajatoka, anahamia kwa mtoto."

"Siku ngapi?"

"Kumi na moja."

"Alikuwa anakula?"

"Alikuwa anapewa maji ya dawa."

"Na wewe ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa naenda. Kila siku naenda, nakaa nje."

"Alikuwa akisema nini?"

Abdikarim alijifuta pua kwa mkono wa shati. "Alikuwa anasema nimfungue. Ananiita kwa jina, ananiambia, Abdikarim, nifungue hata mkono mmoja. Siku mbili za mwisho hakuwa anasema kitu. Nikadhani amepata nafuu."

Mulki alitoa sauti ndogo, kama mtu aliyejigonga. Kisha akauliza swali ambalo mamake hakuwa amelifikiria. "Kuna wengine huko?"

"Wawili. Mama mmoja na msichana wa shule."

"Wamefungwa?"

"Wamefungwa. Nyumba hiyo hiyo."

"Sasa hivi tunapoongea?"

Abdikarim aliitikia kwa kichwa.

Mlango ulifunguliwa bila kugongwa. Alwi aliingia na kuufunga nyuma yake haraka. Alikuwa mtu mnene, msafi, na kofia yake nyeupe ilikuwa imelowa jasho pande zote. Aliwatazama mmoja mmoja, akaitazama mikono iliyokuwa wazi juu ya kitanda cha kuoshea, akajua.

"Mnafanya baraza na maiti," alisema.

"Kumbe malaria siku hizi inafunga kamba," Sharifo alimwambia.

"Dada, usinifanyie kejeli. Leo hapana." Alikaribia, akashusha sauti mpaka ikawa ya kusihi. "Yamekwisha. Mungu amemchukua mja wake. Ukisema, atarudi? Nitafungwa mimi, atafungwa huyu kijana, na yule mtoto pale nje abaki na nani? Na nyanya wa vibarua? Fikiria kama mtu mzima. Nilifanya nikitaka apone. Ningetaka afe, ningetoa pesa zangu nimpeleke mahali?"

"Ulimtoa machoni pa watu ili usiaibike."

"Nilimtoa asimwue mtoto! Wewe hukuwepo. Alimshika mtoto akasimama naye kwenye pipa la maji nusu saa. Ungefanya nini, wewe mwenye moyo wa chuma?"

Alwi hakumngoja dada yake ajibu.

"Miaka kumi na tisa watu wanakukabidhi siri zao. Leo unaona ya ndugu yako ndiyo haifai kusitiriwa? Na isitoshe, mbona unajifanya mgeni? Ulinipigia wewe. Usiku ule ule alipokupigia yeye. Ukaniambia mke wa mwanangu analegea, nisimlegezee kamba."

Mulki alimgeukia mamake.

"Nilisema tu," alisema Sharifo. "Ni neno, Alwi. Watu husema. Sikusema kamba ya kufunga."

"Nilikuuliza, hata akilia? Ukasema, hata akilia."

Sharifo alikuwa amelisahau. Hilo ndilo lililomtisha kuliko yote, kwamba hakuwa amelificha wala kulifukia, alikuwa amelisahau kabisa, kama unavyosahau ulichomjibu mtu aliyeuliza bei. Sasa lilirudi lilivyokuwa. Alikuwa mezani, anahesabu ndoano za mapazia, simu ameibana begani. Msimlegezee kamba hata kidogo. Hata akilia? Hata akilia, akiona mnamwonea huruma atazidi. Kisha alihesabu ndoano tena toka mwanzo, kwa sababu Alwi alikuwa amemchanganya.

Alishika ukingo wa kitanda cha kuoshea kwa mikono yote miwili. Hakuwahi kuhitaji kujishikilia chumba kama hiki, wala siku ya mama yake.

Alimtazama Mulki. Binti yake alikuwa akilia hovyo, kamasi zimemlowesha barakoa, mabega yakimruka. Lakini alikuwa hajasogea. Tangu mjomba wake aingie alikuwa ameuweka mkono wake wenye glavu juu ya kifundo cha Jentrix, akakifunika, na hakuuondoa hata Alwi alipomsogelea kwa hasira. Huyu ndiye aliyetapika langoni. Huyu ndiye ambaye, kwa vipimo vya mamake, alikuwa bado hajakomaa. Na katika watu wanne waliokuwa hai mle ndani, ni yeye peke yake aliyekuwa amekataa kitu.

Sharifo hakuwa mtu wa mawazo marefu, lakini hilo aliliona wazi kama unavyoona pazia limekatwa fupi. Sugu ni ngozi tu. Inakusaidia kubeba kitu cha moto, ila haikuambii unachobeba ni nini. Alijizoeza kutoumia hadi mtu akamwambia anaogopa mikono yake, na yeye akadhani ni uvivu. Alimpa Jentrix dawa aliyoijua, na haikuwa dawa. Jentrix alijikaza. Bila shaka alijikaza. Alijikaza siku nne bila usingizi kabla ya kupiga simu, na kule kupiga simu ndiko kulikokuwa nguvu yake yote iliyobaki. Ndiyo iliyoambiwa ikanywe uji.

Na siri? Siri ya maiti ni ya maiti: kovu lake, ugonjwa wake, kidonda chake, jambo ambalo yeye mwenyewe angelifunika. Jentrix hakuwa na haja ya kuifunika kamba. Alikuwa amewasihi waiondoe. Aibu ile ilikuwa ya waliofunga, na aliyesema wasilegeze alikuwa mmoja wao.

Kwa jambo hili hapakuwa na hatua ya kwanza wala ya pili, wala shuka la kushika ukitazama ukuta. Aliogopa. Alimwogopea Alwi, ambaye yeye Sharifo alimbeba mgongoni akiwa mtoto. Aliogopa jela, aliogopa macho ya Bilha, aliogopa kurudi Matisi. Aligundua kwamba hofu haitaondoka na kwamba hakuwa na muda wa kuingoja.

"Mulki," alisema. "Mfunike."

"Tunamaliza?"

"Hatumalizi. Maji yataharibu anachotakiwa kuona daktari. Mfunike vizuri, mikono iweke kama tulivyoikuta. Usitoke humu, na usimruhusu mtu amguse. Hata Maalim. Hata mimi nikirudi na maneno mengine."

"Ndiyo, Mama."

Alwi alikuwa amesimama mlangoni. "Dada. Ukitoka hapo na neno hilo, wewe si dada yangu tena."

"Basi nitatoka nikiwa shangazi yake. Sogea."

Hakusogea. Ni Abdikarim aliyemshika baba yake mkono, si kwa nguvu, akamvuta pembeni. Alwi aliutazama ule mkono kwa mshangao, kana kwamba kiti kimemgusa.

Nje jua lilikuwa kali. Wanaume waliinuka, wakidhani jeneza linatoka. Sharifo aliwapita akavua glavu akitembea, akaenda moja kwa moja kwenye mkeka kando ya jikoni. Bilha alimwinulia uso.

"Nimeitwa? Naweza ona mtoto yangu sasa?"

Sharifo alipiga magoti. "Utamwona, Mama Jentrix. Lakini kwanza nisikie. Mtoto wako hakufa na malaria. Alikuwa mgonjwa wa akili baada ya kujifungua, ugonjwa ambao una dawa. Ndugu yangu alimpeleka kwa mganga huko Bumula, wakamfunga kamba siku kumi na moja, akafia huko. Na kabla hajapelekwa, alinipigia mimi simu kuomba msaada. Nikamwambia ajikaze. Halafu nikawaambia hawa wasimwonee huruma."

Bilha alimhamisha mtoto kutoka goti moja hadi jingine, akamnyooshea kofia ya uzi iliyokuwa imeshuka machoni.

"Alikupigia wewe?"

"Mimi."

"Sasa mimi mbona hakunipigia?"

"Sijui."

"Simu yangu ilikuwa imezima," alisema Bilha. "Hiyo wiki yote ilikuwa imezima. Tulikuwa tunavuna mahindi kwa shamba ya mtu, tunalala huko, stima hakuna." Aliitikia kwa kichwa kama anayemweleza mtu mwingine. Kisha macho yake yakarudi kwa Sharifo, na yaliporudi yalikuwa makavu. "Toka mbele yangu."

Sharifo aliinuka.

"Toka mbele yangu, halafu ufanye hiyo kitu umetoka huko ndani kufanya. Usiniletee machozi yako hapa. Fanya."

Sharifo aligeuka. Waliokuwa mbali walikuwa wakiulizana kwa macho. Maalim, mzee mfupi mwenye miwani, alisogea hatua moja.

"Kuna nini, mama?"

"Maalim, swala ingoje. Huyu hazikwi mpaka daktari wa serikali amwone. Alifungwa mpaka akafa, na alama ziko mikononi."

Kelele zililipuka hapo. Mtu alisema ni fitina. Mwingine alisema kosa ni kuleta waoshaji kutoka mbali. Mzee mmoja wa upande wa mke wa Alwi alimnyooshea Sharifo fimbo. "Mwoshaji gani huyu anatangaza maiti? Nani atakuita tena umguse mtu wake?"

"Labda hakuna," alisema Sharifo.

"Huna haya!"

"Ninayo. Ndiyo hii."

Maalim aliinua mkono. Alivua miwani, akaipangusa, akaivaa tena, na kwa kitambo hicho watu walipata nafasi ya kunyamaza. "Kaeni chini," alisema. "Maiti haina haraka kuliko haki yake. Kaeni."

Wengine walikaa. Wengine walisogea mlangoni, na miongoni mwao wawili walikuwa vijana wa dukani kwa Alwi, wenye mikono mipana ya kubeba vyuma. Alwi alikuwa ametoka nje, amesimama chini ya upenu wa mabati bila kofia, akiwatazama vijana hao.

Sharifo aliuona mtazamo huo. Aliokota mtungi mtupu wa maji, ule wa plastiki wa lita ishirini, akauburuta hadi mlangoni, akaulaza, akaukalia, mgongo wake ukiegemea mabati. Ndani alisikia Mulki akisukuma ndoo nyuma ya mlango, moja, ya pili, ya tatu. Alitoa simu. Alibonyeza namba ya dharura, akaweka sauti nje ili kila mtu asikie, wasije wakasema baadaye alisema vingine.

Iliita kwa muda mrefu. Hatimaye mwanamume aliyechoka alijibu.

"Ninataka kuripoti kifo," alisema Sharifo. "Bungoma mjini, nyumba ya Alwi wa vyuma, nyuma ya posho mill ya mahindi. Mwanamke amekufa kwa kufungwa kamba. Maiti iko hapa, mlangoni nimekaa mimi. Lakini msianzie hapa. Anzieni Bumula. Kuna wengine wawili wamefungwa huko, na hao wako hai."

"Bumula sehemu gani, mama? Bumula ni kubwa."

Alitazama ua. Abdikarim alikuwa ameshavuka, anamjia, uso umelowa, mkono mmoja umenyooka kuomba simu. Baba yake alimwita kwa jina mara moja. Hakugeuka. Alichukua simu, akataja njia: baada ya soko, upande wa kushoto, shamba la miwa, nyumba ya bati jipya yenye mlango wa kijani. Alirudia mlango wa kijani mara mbili. Kisha akamrudishia shangazi yake.

"Sawa, tunawasiliana na wa huko, na gari linakuja kwenu," sauti ilisema. "Nipe majina ya wahusika."

Alwi alikuwa amechuchumaa chini ya upenu, mikono kichwani. Bilha alikuwa amesimama kwenye mkeka, mtoto begani, anasikiliza.

"Andika la kwangu kwanza," Sharifo alisema, akalitamka polepole, herufi moja moja, ili yule anayeandika asikosee.